Herufi ya 73: Fortran ya zamani ndani ya kihariri cha kawaida

Fungua faili lolote la zamani la LAPACK, maktaba ya hesabu za matriksi inayotegemewa hata na NumPy ya Python, utakuta msimbo umeanzia mbali kidogo na ukingo, nafasi sita zikiachwa tupu. Huo ni urithi wa kadi za matundu. Kikosi cha John Backus kilipotoa Fortran pale IBM mwaka 1957, mstari mmoja ulikuwa kadi moja ya safu 80. Safu ya 1 hadi ya 5 ni za namba ya mstari, ya 6 huonyesha kwamba sentensi imeendelea kutoka kadi iliyotangulia, na ya 7 hadi ya 72 hubeba sentensi yenyewe. Kinachozidi hapo hakisomwi.

Kadi zimekwisha, lakini kwa faili lenye kiishio cha .f sheria ingalipo, na kihariri cha kawaida hakiijui. Kwake mstari wa herufi 73 ni mzima. Kwa kompaila, herufi ya 73 haipo. Ikikatwa alama ya mabano, kompaila italalamika, nawe ushukuru. Balaa liko kwenye tarakimu. Andika 1500, sifuri ya mwisho iangukie safu ya 73: kompaila inasoma 150, programu inapita kimya, na jibu linatoka likiwa na sura ya ukweli. Kwa anayekokotoa mafuriko au uzito wa daraja, hilo ni jambo la kutisha.

Ndani ya kihariri cha Vim, amri ya :set colorcolumn=73 expandtab huchora mpaka huo na kugeuza Tab kuwa nafasi za kawaida. Kwa kompaila ya gfortran, ongeza -Wall ili uonywe mstari ukikatwa. Andika pia implicit none, la sivyo jina lililokosewa herufi moja huzaa kigeu kipya.

Msimbo mpya uandikwe kwa mtindo huru, usiofungwa na safu, ulioletwa na Fortran 90. Ule wa zamani nisingeuandika upya. Ufanye tu usomeke kwa mitindo yote miwili: mstari ukiendelea, weka & safu ya 73, na nyingine safu ya 6 ya mstari unaofuata; maelezo yaanze kwa ! badala ya C, na majina yasikatwe kwa nafasi. Mtindo wa zamani hauioni & ya kwanza, mtindo huru huzielewa zote mbili, na fomula zilizokwisha kuaminika hazijaguswa.