Kidiaba alivyolinda lango la Mazembe

Tarehe 14 Desemba 2010, mjini Abu Dhabi, TP Mazembe ya Lubumbashi iliichapa Internacional ya Brazil mabao 2-0. Ikawa klabu ya kwanza kutoka nje ya Ulaya na Amerika Kusini kutinga fainali ya Kombe la Dunia la Klabu. Wengi wanakumbuka jinsi kipa Robert Kidiaba alivyokaa chini na kurukaruka kwa makalio kushangilia. Lakini kocha wa vijana wa Kasongo au Kabambare, mkoani Maniema, atafaidika zaidi akiangalia kazi iliyofanyika kabla ya shangwe ile.

Tuanze na umbo. Kidiaba si mrefu kwa kipimo cha makipa wa kimataifa. Kipa wa kimo chake aking'ang'ania mstari wa goli huziacha wazi pembe za juu, kwa hiyo inambidi atoke mapema na kumbana mpigaji. Ugumu uko katika kutoka huko. Anayekimbia mpaka mpira unapopigwa hawezi tena kugeuka. Anayesimama mapema mno anapitishiwa mpira juu ya kichwa. Hatua ziwe fupi, na nyayo zitue kabla mguu wa mpigaji haujagusa mpira. Anayejilaza kwanza amekwisha kumwonyesha mshambuliaji pa kupiga. Rafael Sobis na Giuliano wa Internacional walipata nafasi zao siku ile, na Kidiaba akawanyima.

Hata hivyo hakuwa peke yake. Mazembe ya kocha Lamine N'Diaye ilicheza bila nahodha wake Trésor Mputu, aliyekuwa amefungiwa. Mabeki walirudi nyuma, wakaziba katikati, na timu ikasubiri kushambulia kwa kushtukiza. Kabangu alifunga dakika ya 53, Kaluyituka akamaliza kazi dakika ya 85. Kati ya mabao hayo mawili Wabrazili walihitaji kusawazisha, na kila walivyozidi kujaza watu mbele ndivyo walivyoacha uwazi nyuma yao. Katika mpango wa namna hiyo, beki humlazimisha adui apige akiwa mbali au akiwa pembeni, na kipa anashughulika na mashuti anayoyatarajia.

Siku nne baadaye, katika fainali, Inter Milan iliufumua mpango huohuo. Pandev alifunga dakika ya 13, Eto'o dakika ya 17. Timu ya kusubiri ikishafungwa mawili mapema haina tena cha kusubiri: lazima ipande. Dakika ya 85 Biabiany alimkuta Kidiaba hana ulinzi, akampiga chenga na kutia la tatu. Kipa ni yuleyule. Kilichobadilika ni aina ya mashambulizi yaliyomfikia.

Ndiyo maana kumpima kipa kwa idadi ya mabao peke yake ni kumwonea. Tazama alikuwa wapi mpira ulipopigwa, na nani aliyemruhusu mpigaji kufika pale. Kwa kipimo hicho maisha marefu ya Kidiaba langoni yanaeleweka. Kusoma mchezo hakuchakai upesi kama miguu: kwenye Kombe la Mataifa ya Afrika la 2015 alitimiza miaka 39, na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ikashika nafasi ya tatu kwa kuwashinda wenyeji Guinea ya Ikweta kwa penalti 4-2.

Maniema nayo ina pa kutazama: AS Maniema Union ya Kindu ilifika makundi ya Ligi ya Mabingwa Afrika msimu wa 2024/25. Kijana anayeiota jezi hiyo akiwa Kasongo, kwenye uwanja wa udongo mgumu, asianze kwa kujitupa. Aanze kwa miguu. Na kocha asimweke langoni peke yake apigiwe mashuti jioni nzima. Ampe mabeki wawili mbele, awaongoze kwa sauti, na zoezi lihesabiwe kwa mashuti yaliyozuiwa yasipigwe kabisa.