Bastola Isiyotoa Moshi

Wahenga walisema kipya kinyemi ingawa kidonda. Methali hiyo niliibeba kichwani siku nilipoalikwa na mwanafunzi wangu wa zamani, ambaye sasa ni mwamuzi wa riadha, kwenda kuiona bastola mpya ya kuanzishia mbio. Nakiri kwamba nilikwenda nikiwa nimekwisha kuamua kutoipenda.

Ndugu msomaji, bastola ya kale naijua vizuri. Nikiwa mkufunzi, na baadaye mkuu wa chuo cha ualimu, mimi ndiye niliyeipiga siku za michezo. Ilikuwa ya chuma, nzito, ikikaa kabatini chini ya kufuli, na risasi zake baridi zilihesabiwa moja moja. Ukiinua mkono, uwanja mzima ulinyamaza. Kisha kishindo, moshi, harufu ya baruti, na vijana wakatimka.

Hii mpya ni ya plastiki, nyepesi, tena ina waya. Ukivuta kifyatulio hakuna kinacholipuka. Umeme huamsha spika iliyowekwa nyuma ya kila mkimbiaji, taa humulika, na papo hapo saa ya mitambo huanza kuhesabu. Bastola ya aina hiyo ilitumika katika Olimpiki ya majira ya baridi ya Vancouver mwaka 2010, na tena London mwaka 2012. Kwa sura niliiona kama kichezeo cha mtoto, na mlio wake haukunitisha hata kidogo. Nilimwambia mwenyeji wangu hivyo bila kuficha. Akatabasamu, akasema, "Mzee, hebu nenda ukaisikilize ukiwa njia ya 8."

Nikaenda, nikasimama. Mlio ulitoka karibu na visigino vyangu, kama ulivyotoka kwenye visigino vya kijana aliyesimama njia ya 1. Hapo ndipo nilipoacha kucheka.

Sauti husafiri hewani takriban mita 340 kwa sekunde. Jambo hilo nililifundisha mwenyewe. Kila mwaka niliwaonya washika saa waliokaa mwisho wa mita 100: "Tazameni moshi, msingoje mlio," kwa sababu mlio ungewafikia ukiwa umechelewa karibu sehemu 3 za kumi za sekunde. Washika saa niliwafikiria. Wakimbiaji sikuwafikiria.

Nilikuwa na mazoea ya kusimama kando ya njia ya 1, kwa kuwa palikuwa na kivuli. Katika mbio za mita 400, ili wote wakimbie umbali sawa, wakimbiaji hupangwa kwa kupishana, na yule wa njia ya 6 husimama takriban mita 37 mbele ya yule wa njia ya 1. Mwaka mmoja kijana wa njia ya 6 alishindwa kwa kifua tu na mwenzake wa njia ya 1. Alinijia akihema, akasema kwa adabu, "Mkuu, samahani, bastola naisikia kwa mbali mno." Nilimjibu mbele ya watu kwamba asiyejua kucheza husema uwanja mbovu. Wenzake wakaangua kicheko. Katika timu ya kwenda mashindano ya kanda hakuwemo.

Sasa nimepiga hesabu ambayo ningeweza kuipiga siku ile ile. Mita 37 ni kuchelewa kwa sehemu 11 za mia za sekunde, na kwa mwendo wa kijana yule ni zaidi ya nusu mita. Alishindwa kwa kifua.

Asidhani mtu kwamba haya ni ya viwanja vya nyasi tu. Katika fainali ya mita 100 ya Paris mwaka 2024, Noah Lyles, njia ya 7, alimshinda Kishane Thompson, njia ya 4, kwa sehemu 5 za elfu za sekunde. Kila njia ina upana wa mita 1.22. Bastola yangu ya chuma, ikipigwa kando ya njia ya 1 bila spika, ingemfikia Thompson sehemu 11 za elfu kabla ya Lyles. Moshi wangu mzuri ungetosha kubadili rangi ya medali.

Basi hukumu yangu ni hii. Bastola mpya haina haiba, inategemea umeme, na bei yake shule nyingi haziiwezi. Lakini inatenda haki ambayo ile ya kale haikuitenda mikononi mwangu. Na haki hiyo hainunuliwi kwa fedha nyingi kama nilivyodhani. Mwalimu mwenye filimbi au vibao viwili anaweza kuikaribia akiondoka kivulini, akasimama ndani ya uwanja mahali ambapo umbali wake hadi njia ya kwanza na hadi njia ya mwisho unalingana.

Jioni ile nilimtafuta kijana wangu kwa simu. Sasa naye ni mwalimu mstaafu. Nilimweleza hesabu, nikamwomba radhi. Alisema mbio zile alikwisha kuzisahau siku nyingi. Kilichombakia ni kile kicheko.