Ujumbe na Msikilizaji: Ansibo ya Le Guin na Wajumbe wa Kusadikika

Katika riwaya yake Rocannon's World (1966), Ursula K. Le Guin wa Marekani alibuni ansibo, chombo kipelekacho habari papo hapo baina ya nyota na nyota, ilhali vyombo vya safari huchukua miaka mingi. Wengi hukisifu kwa wepesi wake. Sifa hiyo ni pungufu. Katika The Left Hand of Darkness (1969), Mfalme Argaven auliza kwa ansibo habari za usaliti. Jibu laja mara moja toka sayari ya mbali, naye haridhiki. Umbali umeshindwa, shaka imebaki. Kuelewana kwapatikana baadaye, mjumbe Genly Ai na Estraven wavukapo barafu pamoja kwa miguu.

Shaaban Robert alikwisha kuigusa shida hiyo katika Kusadikika (1951). Wajumbe sita watumwa pande sita, mbinguni na ardhini zikiwamo. Warudi na mashauri mema, watiwa gerezani. Ni kweli kwamba safari zao zafanana mno, hata msomaji aweza kuibashiri ya sita. Lakini Karama awatetea barazani kwa hoja na subira, mpaka waachiliwa.

Msomaji wa Nalasi, mkoani Ruvuma, hatastaajabu. Kiyao husemwa kwao, na husemwa pia ng'ambo ya mto Ruvuma, nchini Msumbiji. Neno huuvuka mto na mpaka kwa kuwa ng'ambo yuko alijuaye na kulipokea.