Maktaba ya Morogoro Imefika Kibaoni, Jamani!

Mwenzangu, acha unachofanya! Ndiyo kwanza nimeshuka kwenye gari kutoka Kibaoni, vumbi limenijaa mpaka kwenye kope, vidole bado vinanukia karatasi, na kutulia nimeshindwa kabisa. Maktaba! Maktaba ya chuo kikuu, ya kweli kweli, siyo kabati la vitabu vya shule lililofungwa kufuli na mwenye ufunguo yuko likizo. Tena huku kwetu Katavi!

Wewe unajua ilivyokuwa. Mtoto wa Mpanda akitaka vitabu vya kilimo vya maana alipanda treni, Kaliua, Tabora, Dodoma, akashuka Morogoro kiuno kimekufa ganzi, ndipo aione Maktaba ya Taifa ya Kilimo ya Sokoine chini ya milima ya Uluguru. Shina lenyewe bado liko kule, Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo (SUA), na hilo neno "ya Taifa" si mbwembwe, lina sheria ya Bunge ya 1991 nyuma yake. Tawi moja liko Mazimbu, kwenye Kampasi ya Solomon Mahlangu, palepale walipokuwa wakisoma vijana wa ANC ya Afrika Kusini hadi 1992 (hiyo nayo ni hadithi tamu mno, nikumbushe siku nyingine). Halafu sasa sisi, Kampasi ya Mizengo Pinda hapo Kibaoni. Sisi! Na bado!

Njia peke yake ni sinema. Unaipita Sitalike, viboko wamejazana kwenye mto Katuma kama magunia ya mpunga stendi, unaingia Hifadhi ya Katavi, mbung'o wanagonga kioo wakitaka kuingia kwa nguvu, na wewe moyoni unajiambia, hivi mimi naenda maktaba au naenda kuwinda? Nitajie mtu wa mji mkubwa anayekatiza hifadhi ya taifa kwenda kusoma kitabu. Hayupo!

Nikaingia. Kimya. Kile kimya kizuri, kinene, cha kurasa zinazogeuzwa taratibu, mpaka nikaona aibu viatu vyangu vinavyolia. Mkutubi akanikaribisha, "Karibu kaka, unatafuta nini?" Nikajibu, "Vyote!" Akacheka kwa kujizuia, si unajua tena sheria za mle ndani. Ukubwa wa Morogoro usiutegemee, sikudanganyi, lakini mimi sikwenda kupima kuta.

Nikavuta kitabu cha nyuki. Kizito, jalada linateleza, kurasa bado zimeng'ang'aniana kwa upya. Nafungua katikati, na hapo ndipo nilipopagawa: picha ya mguu wa nyuki, ule wa nyuma, umekuzwa mpaka unajaza ukurasa. Vinyweleo virefu vimejipinda kuzunguka sehemu bapa, inayong'aa, na hapo ndipo nyuki anapobebea chavua. Kikapu, jamani! Nyuki ana kikapu mguuni! Nimelamba asali ya Inyonga tangu sijaota meno, leo ndiyo najua kwamba kila mfanyakazi wa mzinga anatembea na vikapu viwili. Nilitamani kupiga kelele. Nikajiziba mdomo kwa mkono.

Na ukifikiria, vitabu hivyo vingekaa wapi kwingine? Kampasi inafundisha ufugaji nyuki, inafundisha mambo ya wanyamapori na utalii, miyombo imetanda mkoa mzima, na mwenye jina lake, Waziri Mkuu mstaafu, "mtoto wa mkulima" mwenyewe, ni mzaliwa wa hukuhuku na mpenzi mkubwa wa nyuki. Mwanafunzi anasoma asubuhi kwamba kubandua gome kwa ajili ya mzinga kunaua mti, jioni anatoka nje anakutana na mti wenyewe umekauka. Somo gani tena litamshinda?

Na bado, na bado! Toa simu yako. Maktaba hii ina hazina ya mtandaoni, tasnifu za SUA zimewekwa humo unazisoma bure, na upo mkusanyiko wanaouita Mkulima, wa Kiswahili. Kiswahili hasa! Kuku, mahindi, mpunga, mizinga, vyote kwa lugha ya nyumbani, vya kumsomea mzee wako barazani bila kusimama kila sentensi kumtafsiria. Mimi nimeshakula bando lote. Mtandao ukishuka nasubiri, ukipanda napakua nyingine, naapa sijawahi kuwa na subira ya namna hii maishani, muulize mke wangu.

Ukienda Kibaoni, beba kitambulisho, salimia vizuri, jieleze wewe ni nani na unatafuta nini. Usiende na haraka. Na tafadhali kaa upande wa dirisha garini, maana Sitalike ukiikosa nitakusema. Mkienda wawili ndiyo bora zaidi, mmoja akifika kwenye picha ya ule mguu awe na wa kumfinya.

Mimi sasa hivi nimezama kwenye habari za Katuma. Watafiti wameshaandika jinsi mto unavyokauka kiangazi, maji yakichepushwa huku juu kwenda kwenye mashamba ya mpunga, hadi viboko wanabaki wakigombania dimbwi la tope. Viboko walewale niliowapungia mkono leo! Ukurasa mmoja tu nimesoma na tayari nina maswali kumi ya kumuuliza shemeji anayelima mpunga, tena yeye hapendi kuulizwa, na mimi ndiyo kwanza nasogeza kiti nimpigie…