George Bernard Shaw na Hesabu ya Pango

George Bernard Shaw (1856–1950), mwandishi wa Ireland aliyetunukiwa Nobeli ya Fasihi ya mwaka 1925, anajulikana hasa kwa tamthilia zake. Maandishi yake kuhusu makazi na uendeshaji wa miji husomwa na wachache. Ni hasara kubwa, kwa kuwa pande zote mbili zina ufundi ule ule: kuifuata shilingi ya pango tangu inapotoka mkononi mwa mpangaji hadi mfuko inamotua.

Ufundi huo ulianzia kazini. Mwaka 1871, akiwa na umri wa miaka 15, Shaw aliajiriwa na wakala wa ardhi mjini Dublin. Alipanda hadi kuwa mtunza fedha, na kukusanya pango kwa maskini kulikuwa sehemu ya kazi yake. Hakuipenda, mwaka 1876 aliiacha, akahamia London. Huko aliandika riwaya tano, zikakataliwa na mchapishaji mmoja baada ya mwingine.

Tamthilia yake ya kwanza, Widowers' Houses, ilioneshwa London mwezi Desemba 1892. Daktari kijana, Harry Trench, anataka kumwoa Blanche, binti wa tajiri aitwaye Sartorius. Anapogundua kwamba utajiri wa mkwewe unatokana na vyumba vibovu vinavyopangishwa kwa maskini, anaapa kutogusa hata senti ya fedha hizo. Sartorius hagombi. Anamweleza tu kwa upole kwamba pauni 700 ambazo Trench mwenyewe hupata kila mwaka ni riba ya mkopo uliowekewa rehani nyumba hizo hizo.

Hapo ndipo palipo na ustadi wa kazi nzima. Mwandishi dhaifu angemfanya mwenye nyumba kuwa mnyama na kijana kuwa shujaa. Shaw anamfanya Sartorius kuwa baba mwenye heshima, mwenye hoja ngumu kujibu, na lawama inahamia kwa mtu msafi aliyekuwa akila matunda bila kuuliza mti umeota wapi. Katika ukumbi wa maonyesho wa wakati ule, watu wa namna hiyo walikuwa wamekaa vitini wakitazama.

Lickcheese, mkusanya pango, anafukuzwa kazi kwa kosa la kutumia fedha kidogo kutengeneza ngazi zilizooza. Baadaye anarudi akiwa amevaa vizuri na ana mpango: nyumba zikarabatiwe. Si kwa kuwahurumia wapangaji. Barabara mpya itapita pale, na nyumba nzuri italipwa fidia kubwa kuliko nyumba mbovu. Hakuna sheria inayovunjwa, na Trench anaingia katika mpango huo. Wapangaji wenyewe hawaonekani jukwaani hata mara moja. Hatima yao inaamuliwa sebuleni kwa watu wengine, na kutokuwepo kwao kunauma kuliko hotuba yoyote.

Kuanzia 1897 hadi 1903 Shaw alikuwa mjumbe wa baraza la mtaa wa St Pancras, London. Alihudhuria vikao vya kamati na kushughulikia afya, mifereji na makazi, kazi isiyo na makofi. Matunda yake ni kitabu The Common Sense of Municipal Trading cha mwaka 1904. Hoja yake kuu ni kwamba faida ya mfanyabiashara haiwezi kuwa kipimo cha faida ya mji. Mwenye nyumba mbovu huandika mapato yake tu. Gharama ya maradhi na umaskini unaozaliwa humo haimo katika daftari lake, hulipwa na wananchi wote. Kwa hiyo mradi wa halmashauri unaoonekana kupata hasara unaweza kuwa nafuu kwa mji. Hii ni hesabu ile ile ya Sartorius, safari hii ikiandikwa hadi mstari wa mwisho, na kwa lugha ambayo diwani yeyote angeielewa.

Widowers' Houses si tamthilia bora ya Shaw. Pygmalion na Saint Joan zinaipita kwa uhai wa wahusika. Lakini ni wachache walioandika kuhusu makazi ya mijini kwa kulijua daftari na binadamu kwa kiwango kimoja. Anayetaka kuuona ufundi huo aanze na tamthilia, kisha mara moja afungue kitabu cha 1904.