Kumsikiliza Aliyeua

Katika kitabu cha The Devil You Know (2021), alichokiandika pamoja na Eileen Horne, Gwen Adshead, daktari wa maradhi ya akili aliyewatibu wauaji katika hospitali ya Broadmoor, Uingereza, anafananisha mauaji na kufuli la tarakimu la baiskeli: ufukara, ulevi na mateso ya utotoni hujipanga, hata neno moja au tabasamu likalifungua. Tashbihi hii ina nguvu, kwani inaeleza bila ya kumwondolea muuaji dhima. Wagonjwa amewaunda kwa kuchanganya visa vingi, ili kuwasitiri. Lakini marehemu je? Twamsikia kupitia kinywa cha aliyemuua tu. Sisi wapenzi wa tungo za maombolezo tutakisoma kwa faida, ila tutamtafuta humo maiti wetu tusimwone.