Visiki Vilivyorudisha Miti Shinyanga

Mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI, ulipoanza mwaka 1986, mkoa ulikuwa umebakiwa na hekta zipatazo 600 tu za ngitili, yale malisho ya akiba ambayo Wasukuma huyafunga mvua zinapoanza na kuyafungua kiangazi kikikaza. Wakoloni walikuwa wamefyeka vichaka ili kuangamiza mbung'o, pamba ikameza maeneo mengine, kisha operesheni ya vijiji ya miaka ya 1970 ikawahamisha watu na kuziacha ngitili bila mwenyewe. Mradi ulipofika ukingoni mwaka 2004, zaidi ya hekta 300,000 zilikuwa zimerejea. Nashikilia kwamba kazi kubwa hapo haikufanywa na miche ya vitaluni, bali na visiki hai vilivyolindwa na watu waliojua eneo ni lao.

Kisiki cha mgunga kina mizizi iliyokwishazama ardhini, kwa hiyo hustahimili ukame ambao mche mchanga hauuwezi. Mifugo na moto vikizuiwa, machipukizi hutoka kwa wingi. Mwenye shamba huacha mawili matatu yaliyonyooka, mengine huyapogoa akapata kuni na fito. Chini yake nyasi hukomaa, kisha kiangazi eneo hufunguliwa kipande kwa kipande, wakitangulizwa ndama, ng'ombe wagonjwa na maksai watakaolima msimu ujao. Ulinzi nao haukuhitaji askari wa misitu: dagashida, baraza la jadi, ilitunga masharti na sungusungu, walinzi wa jadi, wakawakamata wavunjaji, wakatozwa faini.

Wapo wanaosema ngitili humnufaisha mwenye ng'ombe wengi na ardhi kubwa, na wana haki kusema hivyo, kwa kuwa asiye na eneo hulazimika kununua majani. Lakini kuzifungua kwa wote mwaka mzima kungemwachia maskini vumbi. Dawa ni kupanua ngitili za kijiji na za shule, ambako hata asiye na ndama mmoja hupata nyasi za kuezekea, kuni na mitishamba. Kupanda miti nako kuna nafasi yake, karibu na nyumba ambako mtu anaweza kumwagilia. Hakuwezi kufunika mkoa.

Watu wanaongezeka na ardhi inauzwa. Halmashauri za vijiji ziandike mipaka ya kila ngitili katika mpango wa matumizi ya ardhi sasa, kabla mnunuzi hajafika na shoka.